Chungu cha Arobaini na Moja

Kilichomrudisha Rula ndani ya jumba la maigizo jioni ile ni sentimita themanini tu.

Ofisi ya ramani ilikuwa imempa wiki mbili apime upya jumba zima, maana michoro ya zamani haikuonekana tena, na Jumamosi jumba lingefanyiwa sherehe ya kupewa jina la baba yake. Alikuwa amemaliza. Lakini alipokaa mezani kujumlisha, ukuta wa kulia wa jukwaa ulimgomea. Upana wa jukwaa kwa nje ulikuwa huu, kwa ndani ule. Katikati zilipotea sentimita themanini. Mchoraji mwingine angesema ni kosa la mkono, akasawazisha kwa penseli, akaenda zake kulala. Rula hakuwa mtu wa kusawazisha. Ndiyo maana wenzake walimbatiza jina hilo, na akalizoea hadi akawa analiitikia kuliko jina lake la shule.

Jumba lenyewe lilikuwa fahari ya mji. Baba yake, aliyeitwa Fundi na wakubwa kwa wadogo, alilichora mwenyewe, naye alikuwa mwashi tu, hakuwahi kukanyaga chuo. Mabenchi yalipinda kama kiatu cha farasi yakipanda juu. Roshani ya mbao ilishikwa na nguzo kumi na mbili. Dari lilifunika kama bakuli lililopinduliwa. Na kutani kote, kwa nafasi sawasawa, kulikuwa na vyungu arobaini vilivyojengewa ndani ya tofali, midomo yao ikiwaelekea watu, ili vidake sauti ya mwigizaji na kuisukuma mbele. Hakikuwahi kutumika kipaza sauti mle. Mwigizaji akinong'ona jukwaani, hata kama amewapa watu mgongo, aliyekaa benchi la mwisho kabisa kule roshani alimsikia kana kwamba ameinamiwa sikioni. Wataalamu walikuja na vyombo vyao, wakapima, wakaondoka wakitikisa vichwa.

"Ni mkono tu," Fundi alikuwa akiwaambia, na kucheka.

Mama yake Rula hakuwahi kukaa chumbani jumba lile likisifiwa. Aliinuka taratibu, akaenda kutafuta kazi jikoni. Yeye ndiye aliyekuwa mwigizaji mkuu siku ya ufunguzi. Juma lilelile, ndivyo Rula alivyosimuliwa, akashikwa na homa ya koo, sauti ikamtoka, isirudi tena. Rula alikuwa na miaka minne. Sasa ana arobaini.

Basi aliingia saa kumi na mbili kasoro. Waigizaji walikuwa wameshamaliza mazoezi. Mwanga wa jua ulipita kwenye madirisha madogo ya juu, mwekundu, ukilala juu ya mabenchi matupu. Rula akapanda jukwaani, akabana ncha ya tepu kwa msumari, akaivuta kukatiza jukwaa hadi ukuta wa kulia. Kwa kuwa alizoea kufanya kazi peke yake, alikuwa na mtindo wa kuzisoma namba kwa sauti ili asizisahau.

"Kumi na nne na nusu," akasema.

"Kumi na nne na nusu," ukumbi ukasema.

Rula akasimama.

Jumba lile halikuwa na mwangwi. Hiyo ndiyo iliyokuwa sifa yake kubwa, kwamba sauti ikienda, inafika, hairudi. Isitoshe, ile iliyorudi haikuwa yake. Ilikuwa nyepesi kuliko yake. Changa.

"Nani yuko huko?"

Mbao za roshani zikalia, kama zinavyolia mtu akihamisha uzito wa mwili kutoka mguu huu kwenda mwingine.

Ndipo akasikia harufu. Chokaa. Chokaa mbichi, ya leo leo, kama mtu amemaliza kupaka plasta sasa hivi na kwenda kunawa. Katika ukuta wa miaka thelathini na sita! Aliinua mkono akaugusa. Kiganja kikarudi cheupe, kimelowa.

Na ukuta ulikuwa na joto. Joto la shingo ya mtu.

Hapo, karibu sana, sauti ya mwanamke ikanong'ona, yenye kicheko kidogo ndani yake, kama ya mtu anayechungulia mlangoni.

"Kifaranga amelala?"

Tepu ilimponyoka ikajikunja yenyewe kwa mlio mkali. Kifaranga ni yeye. Mtu mmoja tu duniani alimwita hivyo, na alimwita kwa mikono, vidole vitatu vikidonoa kiganja. Neno lenyewe likitamkwa, sauti yenyewe, alikuwa ameshaisahau kama mtu anavyosahau maziwa aliyonyonya. Lakini miguu yake haikusahau. Ilimkimbiza palepale.

Alimkuta Mama Mapazia mlango wa nyuma, anakunja nguo za maigizo. Mama huyu ndiye aliyetunza mavazi na mapazia tangu jumba lilipofunguliwa. Alikuwa na sindano tatu zimechomekwa kifuani kwenye gauni, kama kawaida yake. Alimtazama Rula usoni, akatazama kiganja cheupe, akaweka chini nguo aliyokuwa nayo.

"Imekuuliza nini?" akasema.

Hakuuliza kuna nini. Hakuuliza umeona nini.

"Mama... imeniuliza kama nimelala."

Mama Mapazia akafumba macho. "Mimi huwa inaniuliza saa ngapi pazia linafunguliwa. Nimeijibu miaka yote. Kaa chini, mwanangu. Mimi nimeshachoka kubeba mzigo usio wangu."

Akasimulia kwa kunong'ona, huku akitupa jicho kila mara kwenye mlango wa jukwaa.

Jumba lilipokamilika lilikuwa kiziwi. Vyungu vyote arobaini viliwekwa, dari likakaa, mabenchi yakapigwa rangi, na mwigizaji aliposema neno, lilikufa mstari wa tatu. Ulikuwa unamwona mtu anafumbua mdomo tu, kama samaki. Wakubwa walikuja kukagua, wakacheka. Mmoja alisema afadhali lifanywe ghala la saruji. Fundi aliondoka, akapotea siku tatu. Siku ya nne, mvua ikipiga kama inadai roho ya mtu, alirudi na mgeni. Mtu mfupi mwenye koti jeusi, amekumbatia chungu kimoja kama anavyobebwa mtoto.

"Mvua ile ilitulowesha sote hadi mifupa," Mama Mapazia akasema. "Yule mtu... viatu vyake vilikuwa vikavu. Niliviangalia. Vilikuwa na vumbi."

Mgeni alizunguka ukumbi akipapasa kuta. Aliuliza swali moja tu, nani atasema neno la kwanza siku ya kufungua. Fundi akamwonyesha kwa kidole. Mama yake Rula alikuwa jukwaani anafanya mazoezi, amevaa gauni la kijani, anacheka. Usiku ule Fundi alijenga ukuta wa pili mbele ya ukuta wa kulia, peke yake. Mgeni hakuonekana tena. Hakuna aliyemwona akitoka.

"Siku ya ufunguzi mimi nilikuwa nyuma ya pazia, nimeshika kamba. Mama yako alisema neno la kwanza, nikalisikia linatoka kinywani mwake. La pili..." Akageuka kutazama mlango wa jukwaa. "La pili lilitoka ukutani. Mdomo wake unacheza, sauti inatoka kwingine. Naye alijua, maana alinitazama. Jicho lile sijalisahau mpaka leo. Lakini aliigiza hadi mwisho. Watu walisimama wakapiga makofi mpaka wengine wakalia. Alipofika kwangu pembeni akafumbua mdomo aniambie kitu, hakikutoka kitu. Hata pumzi ya kukohoa."

"Homa ya koo..."

"Homa ni maneno ya baba yako. Nani angebisha? Yeye ndiye aliyekuwa msemaji."

Rula alifika nyumbani kwa wazazi wake kabla chakula hakijaandaliwa. Baba yake alikuwa sebuleni, miwani puani, anasoma hotuba yake ya Jumamosi na kuisahihisha. Mama yake alikuwa anapiga pasi suti ya sherehe. Rula hakuketi. Aliweka kiganja chake juu ya karatasi za hotuba, kikaacha alama nyeupe.

"Baba, ndani ya ukuta wa kulia kuna nini?"

Fundi alitazama alama ile. Alivua miwani, akaifuta kwa pindo la shati, akaivaa tena.

"Mapazia yule ana mdomo mrefu," akasema.

"Nimekuuliza, Baba."

"Nilimwomba mama yako. Alikubali. Mwulize mwenyewe." Akakung'uta chokaa kwenye karatasi. "Wewe hujui walivyonicheka. Mwashi asiyejua kusoma ramani za wenzake, waliniita hivyo mbele ya vibarua wangu. Na leo? Umesomeshwa na nini, umeajiriwa kwa sababu ya nini? Jumba lile ndilo lililokulea."

Rula akamgeukia mama yake. Pasi ilikuwa imesimama juu ya kola. Mama akaizima, akavuta daftari lake dogo lililofungwa kwa uzi kiunoni, akaandika polepole, kwa ule mwandiko wake wa herufi zilizosimama wima.

*Aliniuliza, utaupa nini ukumbi wetu siku ya kufungua? Nikacheka. Nikasema, sauti yangu yote.*

Rula alisoma mara mbili.

"Ulijua anamaanisha nini?"

Mama akatikisa kichwa.

"Kwa nini hukuwahi kuniambia?"

Kalamu ikarudi kwenye karatasi. *Ungekuwa na umri gani? Na wengine ningewaambia kwa mdomo wa nani? Yeye ndiye aliyekuwa ananisemea.*

Kweli kabisa. Hospitali, shuleni, misibani, kokote, Fundi alisimama kando ya mkewe, mkono begani kwake, akisema, mama anashukuru sana, mama anasema hana neno, mama amefurahi. Miaka thelathini na sita mama amefurahi. Rula alikumbuka jinsi majirani walivyomsifu baba yake kwa kutomwacha mke bubu, na jinsi yeye mwenyewe alivyojivuna.

"Usiharibu kitu cha watu," Fundi akasema nyuma yake, bila kuinua macho kwenye hotuba. "Nimezeeka. Niachieni Jumamosi yangu."

Mama akaandika neno moja, akachana karatasi, akampa bintiye mkononi kama anavyompa mtoto pesa ya daftari.

*Nipeleke.*

Walikwenda Ijumaa saa nane mchana, waigizaji walipotoka kula. Mama Mapazia aliwafungulia mlango wa nyuma, akakataa kuingia. Rula alibeba nyundo na patasi kwenye mkoba wa ramani. Mama alipanda ngazi za jukwaa mkono ukiwa ukutani, kama mtu anayeingia nyumba aliyohama zamani. Alifika katikati akasimama. Nje kulikuwa na jua kali. Ndani, ghafla, harufu ile.

Chokaa mbichi.

"Nani huyo?" sauti ikauliza.

Rula alimwona mama yake akishtuka mwili mzima. Ilikuwa sauti yake. Ilitoka kushoto, kulia, juu kwenye dari, kila chungu kikiisukuma kwa kingine, safi, ya msichana.

"Nani huyo bibi? Mbona amesimama mahali pangu?"

Mama akanyoosha mikono miwili. Midomo yake ikacheza. Hakuna kilichotoka.

"Mtoeni," sauti ikasema, sasa kwa woga. "Mapazia! Mwambie huyo bibi kizee atoke. Ananitazama..."

Haikumjua.

Miaka yote hiyo mama alikuwa akizeeka nje, na sauti hiyo ilikuwa imekaa gizani ikingoja pazia lifunguliwe, na haikumjua. Mama alishusha mikono. Rula aliona uso wake ukibadilika, kama chumba kinapofungwa dirisha moja baada ya jingine. Kisha akageuka, akanyoosha kiganja. Aliitaka nyundo.

"Mama, acha nipige mimi."

Hakumsikiliza. Alikwenda mwenyewe ukuta wa kulia, akaweka sikio, akapapasa hadi mahali penye joto. Akapiga. Plasta ilitoka laini kama uji. Mara ya tatu tofali likaanguka ndani, na nyuma yake, kwenye uwazi wa sentimita themanini, kikaonekana chungu cheusi kimeegemezwa, mdomo umezibwa kwa kitambaa cha kijani.

Sauti ikaanza kulia.

"Usinivunje. Tafadhali bibi, usinivunje... Nina mtoto mdogo nyumbani."

Rula alijiziba masikio. Haikusaidia kitu. Ilikuwa ndani ya meno yake.

"Ana miaka minne. Ananisubiri. Bibi..."

Mama yake alikuwa analia machozi mengi, uso umelowa wote. Lakini mkono uliinuka, ukatulia juu, ukashuka.

Chungu kilipasuka kwa mlio mdogo tu, kama kikombe. Ndani hamkuwa na kitu. Upepo wa uvuguvugu uliwapita, ukatikisa mapazia, ukatoka kupitia mlango wa nyuma. Mama Mapazia alisema baadaye kwamba ulimgusa shavuni alipokuwa nje, ukaelekea barabarani, upande wa nyumbani kwao.

Rula akamshika mama yake mabega. "Jaribu. Mama, sema kitu. Sema chochote!"

Mama akafumbua mdomo. Akajaribu, mishipa ya shingo ikasimama. Kisha akaufunga mdomo, akajifuta uso kwa upande wa khanga, akaanza kuokota vipande vya chungu kimoja kimoja. Shimo walilifunika kwa pazia kuukuu, wakatoka.

Jumamosi watu walijaa hadi roshani. Wakubwa walikaa mbele. Kibao chenye jina la Fundi kilifunuliwa, naye akapanda jukwaani katika suti iliyopigwa pasi vizuri, akakunjua hotuba.

Akafumbua mdomo.

Mstari wa kwanza walitabasamu. Wa tatu wakainama mbele. Kuanzia wa nne watu walitazamana. Fundi aliongeza sauti. Akapiga kelele, shingo imevimba, na huko nyuma mtu mmoja akacheka, halafu wa pili, halafu kicheko kikashuka mabenchi kama maji. Alikuwa mzee mdogo anayefumbua na kufumba mdomo. Hakutazama ukuta, wala hakumtazama Rula. Alimtafuta mkewe kwa macho mpaka akampata, mstari wa pili, mikono mapajani. Mama alimtazama bila kupepesa. Kisha akapiga makofi, peke yake, taratibu.

Nyumbani Fundi aliingia chumbani kwake akajilaza. Rula alirudi kwake akidhani mambo yameishia hapo, kama yanavyoisha ya familia nyingi, kwa watu kununiana mpaka kifo.

Siku ya tano jirani alimpigia simu. "Wazazi wako wana mgeni? Kuna msichana anaongea humo ndani hanyamazi. Mchana kutwa."

Rula alifika saa kumi alasiri. Mlango wa mbele ulikuwa wazi. Nyumba imefagiwa, vyombo vimeoshwa, kila kitu mahali pake. Kutoka chumbani kwa baba yake alisikia sauti ya mzee ikiomba.

"Nyamaza... nimesema nisamehe, nyamaza kidogo nilale. Siku tano sijalala, mke wangu..."

Na sauti nyingine ikamjibu. Changa, safi, ileile. Haikuwa inalia tena. Ilikuwa inasimulia. Siku ya kwanza kliniki ulivyosema sina neno, ikasema. Nilikuwa na neno. Siku aliyozikwa mama yangu ulivyosema nimeshukuru. Sikushukuru. Ikaenda hivyo, siku moja baada ya nyingine, bila haraka, bila kuruka hata moja. Ilikuwa bado iko mwaka wa pili.

Rula alikimbilia kwenye korido ya vyumba amfungulie baba yake. Akasimama.

Mama yake alikuwa ameketi kwenye kiti nje ya mlango ule, mgongo wima. Ufunguo ulikuwa mapajani kwake. Macho aliyaelekeza kwenye mbao za mlango, na midomo yake ilikuwa ikicheza.

Rula hakuwahi kujifunza kusoma midomo ya mama yake, maana mama hakuwahi kuitumia. Lakini hapo haikuhitaji elimu. Midomo ilitangulia, sauti ndani ya chumba ikafuata. Midomo ilipotulia kuvuta pumzi, sauti nayo ilitulia, na baba yake akasikika akihema.

"Mama," Rula akanong'ona. "Atakufa."

Mama akageuka. Uso wake ulikuwa umepumzika, kama wa mtu aliyeshiba. Alimtazama bintiye, akafikiri kidogo. Kisha akanyoosha mguu, akakivuta kiti cha pili kilichokuwa ukutani, akakisogeza kando ya kile chake.

Rula alisimama hapo muda ambao hakuweza kuupima.

Ndani, baba yake aliita jina lake. Aliita la shule.

Akaketi.